Maswali ya wasomaji: Hukumu ya kuua mbele ya Mahakama ya Rufaa

Barua za mwezi huu kutoka Lubumbashi, Kongo, zinazunguka jambo moja: TGI (tribunal de grande instance, mahakama inayohukumu kwanza makosa makubwa) imeshahukumu mtu kwa kosa la kuua, sasa kule juu ushahidi unapimwaje? Majina ya waandikaji tumeyaondoa, mitaa yao tumeiacha. Wanaojibu ni mawakili wa kesi za jinai.

Mutoto yangu aligombana na rafiki yake mu bare, bakapigana, yule rafiki akakufa kesho yake. TGI bamemukatia perpétuité. Leo ni siku ya sita. Grefie anasema nakala ya hukumu haiyapigwa, tungoje. Tungoje? Na kule juu bataanza kesi upya ao batasoma tu makaratasi? (Mama wa Katuba)

Mama, msingoje hata siku moja. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, yaani dekre ya tarehe 6 Agosti 1959, inampa mtu aliyehukumiwa akiwepo siku 10 tangu hukumu isomwe. Nakala ikichelewa, siku hazingojei. Hapa ndipo familia nyingi huanguka: wanangoja karatasi, karatasi inatoka siku ya ishirini, mlango umeshafungwa.

Kukata rufaa hakudai nakala wala sababu. Ni tamko tu kwamba unaikataa hukumu. Linaweza kusemwa palepale hukumu inaposomwa, au mbele ya grefie (karani wa mahakama) wa TGI, au mbele ya grefie wa Mahakama ya Rufaa yenyewe. Aliyefungwa anaweza pia kulisema mbele ya mkuu wa gereza, naye analiandikia PV (karatasi rasmi ya maelezo) na kuipeleka kwa grefie. Kwa hiyo leo au kesho asubuhi, avoka (wakili) wenu au mtoto mwenyewe kule gereza la Kasapa alitoe. Kisha daini nakala ya hati ya rufaa na kuisoma mkiwa mmesimama palepale: tarehe, jina lilivyoandikwa, namba ya kesi inayoanza na herufi RP, na TGI gani iliyohukumu. Namba moja ikikosewa, hati inaweza kuonekana ya kesi nyingine.

Angalieni pia anayewasimamia. Wale wanaoitwa défenseurs judiciaires (watetezi wasio mawakili kamili) wanaruhusiwa kusimama mbele ya tribinali ya amani na TGI. Mbele ya Mahakama ya Rufaa lazima awe avoka. Kama hamna uwezo, chama cha mawakili kina ofisi ya ushauri wa bure, BCG, inayoweza kumteua mmoja.

Sasa swali lako la pili. Rufaa inairudisha kesi nzima mezani, mambo yaliyotokea pamoja na sheria. Majaji wa juu hawafungwi na yale TGI iliyoyaamini. Wanaweza kuita mashahidi tena, kumwomba daktari aeleze ripoti yake, hata kwenda mahali mtu alipofia. Lakini wanaanzia kwenye faili: PV za polisi na za parke (waendesha mashtaka wa serikali), karatasi za vikao, ripoti ya daktari, na hukumu yenyewe. Jambo ambalo grefie hakuliandika kwenye karatasi za kikao, kwao halikusemwa. Kama shahidi alijipinga mbele ya TGI na hakuna mstari unaoonyesha hivyo, avoka aombe kwa maandishi shahidi huyo aitwe tena, ataje jina lake, jambo la kumuuliza, na kwa nini jibu lake linaweza kubadili hukumu. Ombi la kusema tu “mashahidi wasikilizwe upya” hukataliwa kwa urahisi.

Kwa kesi ya mtoto wako, mama, jambo zito kuliko yote ni nia. Kitabu cha makosa ya jinai, kifungu cha 44, kinaita “meurtre” kuua kwa kukusudia mtu afe, na adhabu yake ni kifungo cha maisha. Mtu akipanga kabla, kifungu cha 45 kinaita “assassinat”, adhabu ni kifo. Lakini mtu akipiga kwa kutaka kupiga, bila kutaka kifo, na kifo kikatokea, hicho ni kifungu cha 48: miaka 5 hadi 20. Marehemu ni yuleyule, pigo ni lilelile. Kinachotenganisha ni kile ambacho mpigaji alikitaka, na hakuna anayeona ndani ya moyo. Juji anaisoma nia kwenye vitu vya nje: silaha ilikuwa nini, ilichukuliwa nyumbani au iliokotwa mezani katikati ya fujo, pigo lilielekezwa shingoni, kifuani, au begani, mapigo yalikuwa mangapi, yalisemwa maneno gani, na baada ya mtu kuanguka, aliyempiga alikimbia, aliendelea, au alimbeba kumpeleka hospitali. Mtafute hukumu inasema nini juu ya kila kimoja. Hukumu nyingi zinaandika “nia imethibitika kwa kuwa marehemu amekufa”. Hiyo siyo sababu, maana mtu hufa pia chini ya kifungu cha 48. Katiba, kifungu cha 21, inataka kila hukumu iandikwe na itoe sababu. Hukumu isiyo na sababu juu ya nia inavunjika hapo, na Mahakama ya Rufaa inaichukua kesi na kuiamua yenyewe.

Umeandika kwamba alikufa kesho yake. Basi kuna saa nyingi katikati, nazo zinahitaji maelezo. Alilala wapi? Alitembea? Alipelekwa kwenye kituo gani cha afya, akapewa nini? Ombeni ripoti ya daktari na mwangalie kama mwili ulifunguliwa au ulitazamwa kwa nje tu. Ripoti inayosema “kifo kutokana na kipigo” bila kutaja kiungo kilichopasuka ni dhaifu sana. Katika nchi ya malaria kama yetu, mtu aliyeugua mara nyingi anaweza kuwa na bandama kubwa, laini, ambayo hupasuka kwa ngumi moja ya tumboni au kwa kuanguka juu ya kona ya meza, na damu ikavuja ndani polepole mpaka siku ya pili. Daktari akiandika hivyo, mtoto wako haachiliwi, kwa sababu pigo lake bado ndilo lililosababisha kifo. Lakini ngumi moja kwa mtu ambaye hakuna aliyejua ugonjwa wake ni vigumu kuiita nia ya kuua. Hiyo ndiyo njia ya kutoka kifungu cha 44 kwenda cha 48, na inafaa kupiganiwa kuliko kudai kwamba hakuwepo kabisa wakati watu wote wa bare walimwona.

Mambo mawili ya mwisho. Mhukumiwa akikata rufaa peke yake, Mahakama ya Rufaa haiwezi kumzidishia adhabu. Lakini parke jenerali ya Mahakama ya Rufaa ina miezi 3 ya kukata rufaa yake, na ikifanya hivyo adhabu inaweza kupanda. Na ingawa rufaa inasimamisha utekelezaji wa hukumu, aliyekuwa ndani anabaki ndani. Kuomba atoke kwa muda kunaruhusiwa, ila kwa kosa la kuua msijenge matumaini hapo.

Kaka yangu alisaini PV ya OPJ inayosema aliua. Mbele ya majaji alikana, akasema alipigwa. TGI imemhukumu kwa PV ileile. Je, Rufaa inaweza kuitupa? (Msomaji wa Kampemba)

Inaweza, ndugu, lakini haitaitupa kwa sababu tu amekana. Juji wa jinai katika nchi yetu yuko huru kuamini ushahidi wa aina yoyote uliojadiliwa mbele yake, na PV ya OPJ (polisi mpelelezi) anaipa uzito anaoona inastahili. Kukiri hakumfungi, na kukana hakumfungi vilevile. Atakachouliza ni jinsi maneno yale yalivyopatikana, jinsi yalivyoandikwa, na kama kuna kitu nje yake kinachoyashika mkono.

Anzeni na saa. Katiba, kifungu cha 18, inasema polisi hawawezi kumshika mtu zaidi ya saa 48, na lazima aambiwe sababu katika lugha anayoielewa. Kifungu cha 19 kinampa haki ya kuwa na avoka tangu kwa polisi. Sheria namba 11/008 ya tarehe 9 Julai 2011 inafanya mateso kuwa kosa la jinai. Andikeni kwenye karatasi moja: siku na saa ya kukamatwa, siku na saa PV ilipofunguliwa na kufungwa, siku alipofikishwa parke. Mtu aliyekamatwa Alhamisi na “kukiri” Jumanne iliyofuata amekaa mikononi mwa polisi kwa muda ambao sheria haiutambui, na juji yeyote mwangalifu atataka kujua siku hizo zilikuwa na nini. Halafu tafuteni alama ya kipigo iliyoandikwa na mtu asiye ndugu: daftari la zahanati ya gereza siku alipoingia, karatasi ya daktari, PV ya kwanza ya hakimu wa parke kama aliandika kwamba ameona majeraha. Kama makovu bado yapo, avoka aombe daktari aamriwe kuyapima sasa. Kovu la miaka mitatu halisemi lilitoka wapi.

Kuna jambo linaloumiza dai hili, na lazima mlijibu kabla parke haijaliuliza. Kama kaka yako alirudia maneno yaleyale mbele ya hakimu wa parke, na hakusema chochote juu ya kipigo mpaka siku ya TGI, majaji watasema hadithi ya kipigo imetungwa baadaye. Pengine ipo sababu: polisi waliompiga ndio waliomsindikiza na kubaki mlangoni. Isemeni, na muonyeshe nani alimsindikiza.

Kisha lugha. Hapa Lubumbashi mtu anahojiwa kwa Kiswahili, PV inaandikwa kwa Kifaransa, anasomewa kwa haraka au hasomewi, anasaini kila ukurasa. Sasa fikirini mtu anayesema: “Nilimupiga, akaanguka, akakufa.” Hapo kuna mambo matatu yanayofuatana, na hakuna hata moja linalosema alitaka kifo. Mwandishi akiandika kwa Kifaransa kwamba “alimpiga mpaka kumuua”, nia imezaliwa kwenye kalamu ya mwandishi. Tofauti hiyo ni ya kifungu cha 44 na cha 48, ni tofauti ya maisha yote na miaka michache. Avoka asome PV pamoja na kaka yako sentensi kwa sentensi, amuulize alisema nini hasa kwa Kiswahili, na aangalie kama PV inataja mkalimani aliyeapa, au angalau inataja kwamba alisomewa katika lugha anayoijua. Kwa maoni yetu hili ndilo kosa linalopita kimya kuliko yote katika faili za huku, kwa sababu avoka mwenyewe anasoma Kifaransa vizuri na hasiti mahali ambapo mteja wake angesita.

Mwisho ni vitu vya nje. Kukiri kunakuwa na nguvu pale kunapoleta jambo ambalo polisi hawakulijua. Linganisheni tarehe ya PV ya kukamata kisu na tarehe ya PV ya kukiri. Kisu kikiwa kilishikwa tarehe 3 na kukiri kuliandikwa tarehe 5, kukiri hakukufichua kitu. Aliyeandika alikuwa tayari na kisu mezani. Kinyume chake, kama kaka yako aliwaongoza polisi mpaka shimoni na simu ya marehemu ikatolewa humo mbele ya watu, kukana kwake hakutafika mbali. Linganisheni pia na mwili: PV inasema alipiga kwa mti mara moja kichwani, ripoti ya daktari inaonyesha mikato mitatu ya chuma mgongoni. Majaji wa Rufaa hufuata mgongano wa namna hiyo kwa makini sana, kwa kuwa wanaweza kuupima wenyewe bila kumwona shahidi yeyote usoni. Yote haya yaandikwe kwenye hoja za maandishi, na namba ya ukurasa wa faili pembeni ya kila dai.

Shahidi ni jirani mmoja tu. Ilikuwa saa nne ya usiku na umeme ulikuwa umekatika. Mtu mmoja anaweza kutosha kumfunga mtu maisha? (Baba wa Ruashi)

Anaweza, baba. Kwetu hakuna hesabu ya mashahidi. Mmoja aliyeona vizuri anashinda kumi waliosikia kwa majirani. Ndiyo maana msipoteze nguvu kwa kusema “yuko peke yake”. Ulizeni kama kweli aliweza kuona.

Mwanga ulitoka wapi? Mwezi unaweza kuhakikishwa kwa kalenda ya tarehe hiyo, na watu husahau kufanya jambo dogo hilo. Taa ya simu inamwangazia anayetazamwa, haimwangazii anayeishika: kama mshambuliaji ndiye aliyekuwa na tochi, shahidi aliona mwanga na kivuli nyuma yake. Umbali ulikuwa hatua ngapi, na katikati kulikuwa na ukuta, mwembe, au watu wanaokimbia? Alimwona kwa muda gani? Alimjua kabla, na kwa nini hasa alimtambua: uso, sauti, mwendo, au nguo tu? Nguo inavaliwa na wengi. Muhimu zaidi, alimtaja mara ya kwanza lini na kwa nani? Aliyetaja jina usiku uleule mbele ya majirani anaaminika kuliko yule aliyelipata wiki mbili baadaye, jina likiwa limeshazunguka mtaani. Na kama polisi walimwonyesha mtu mmoja tu aliye ndani ya kasho (mahabusu) na kumuuliza “ni huyu?”, hakutambua, alikubali. Avoka anaweza kuomba majaji wafike mahali penyewe, saa ileile, bila umeme.

Kama alikuwa mahali pengine, tuseme Kasumbalesa, leteni karatasi: risiti ya péage, daftari la nyumba ya wageni, muhuri wa mpakani. Rekodi za simu kampuni haitampa ndugu wa mshitakiwa. Hakimu ndiye anayeziagiza, kwa hiyo ombeni aziagize. Ushahidi mpya unapokelewa kwenye rufaa. Lakini saa ya kifo nayo lazima ijulikane. Mwili huanza kukakamaa taya na shingo baada ya saa 2 hadi 4 hivi, hukakamaa wote karibu saa 12, halafu hulegea polepole siku inayofuata, na joto la Oktoba linaharakisha yote hayo. Daktari aliyeuona mwili kesho yake, umeshatolewa kwenye baridi ya morgue, hawezi kusema kwa uhakika “saa nne kamili”.

Familia ya marehemu walienda kwa mufumu, akamtaja shemeji yangu. Hukumu imeandika kwamba “mtaa mzima unajua ni muchawi”. Huo ni ushahidi? (Msomaji wa Annexe)

Hapana, na isiwemo kwenye hukumu. Hakuna awezaye kumhoji mufumu alionaje, wala mtaa mzima. Hata hivyo msidhani sentensi hiyo peke yake inavunja hukumu. Mahakama ya Rufaa inaweza kuifuta na kuweka sababu zake. Fanyeni kazi hii: chukueni hukumu, pigeni mstari juu ya kila sababu inayotokana na uvumi au uchawi, kisha msome kinachobaki. Kama kinabaki kisu chenye damu na mashahidi wawili wa macho, hukumu itasimama. Kama hakibaki kitu, hiyo ndiyo rufaa yenu.

Sisi ni upande wa marehemu. TGI imemwachilia mshitakiwa “kwa sababu ya mashaka”. Tunaweza kukata rufaa? (Dada wa marehemu, Kamalondo)

Pole sana, dada. Mliojiunga na kesi kama partie civile (upande unaodai fidia) mnaweza kukata rufaa ndani ya siku 10, lakini kwa ajili ya fidia tu. Adhabu ni kazi ya parke. Nendeni mapema kwenye parke jenerali, kabla miezi 3 haijaisha, na barua inayoonyesha kosa la TGI mahali penyewe: shahidi fulani hakuitwa, ripoti ya daktari haikujadiliwa. Barua ya kilio tu wanaipokea na kuiweka.

Neno “mashaka” linawauma wengi, wakidhani juji amesema marehemu alidanganya au maisha yake hayana thamani. Maana yake ni kwamba kwenye karatasi zilizoletwa, hadithi nyingine inayowezekana ilibaki imesimama, na Katiba, kifungu cha 17, inamhesabu kila mtu hana hatia mpaka hukumu ya mwisho. Mashaka yanayohesabika yana jina: mtu mwingine alikuwa na funguo, silaha haikupatikana, saa hazilingani. Mashaka ya “huwezi kujua” hayahesabiki. Tafuteni lile lililotajwa kwenye hukumu, na mlete kitu kinacholijibu. Kama bado mna nguo alizovaa marehemu, msizifue. Zikaushwe kivulini, ziwekwe kwenye mfuko wa karatasi. Kwenye plastiki damu inaoza na hakuna mtaalamu atakayepata kitu. Zikabidhiwe kwa PV, siyo mkononi.

Mtu wa korido ananidai pesa “ya kumwona juji wa Rufaa”. Wote wanafanya hivyo? (Msomaji wa commune ya Kenya)

Usitoe. Kumpa hakimu pesa ni kosa la jinai kwa anayetoa pia, na mtu wa korido mara nyingi hamjui juji kabisa: anangoja hukumu itoke, ikiwa nzuri anasema ni yeye. Malipo halali yanalipwa kwa grefie na yana risiti. Pesa hiyo ilipe nakala kamili ya faili, kila ukurasa. Bila hiyo avoka anapiga kelele gizani.

Mdogo wangu ni dereva wa lori, njia ya Tunduma. Mahakama Kuu ya Tanzania imemhukumu kunyongwa kwa kuua. Sheria ya rufaa ni kama yetu? (Msomaji wa Lubumbashi)

Inafanana kwa lengo, inatofautiana kwa njia. Kule aliyeua kwa kukusudia hupewa adhabu ya kifo kwa lazima. Juji hana nafasi ya kupunguza kwa huruma, wakati kwetu kifungu cha 18 kinamruhusu kubadili kifo kuwa kifungo akitaja sababu za kupunguza. Kwa hiyo rufaa ya Tanzania huegemea kuonyesha kwamba hatia yenyewe haikuthibitika, au kwamba ni kuua bila kukusudia, kwa mfano ugomvi uliozuka ghafla bila silaha iliyoandaliwa.

Ilani ya rufaa inawekwa ndani ya siku 30, na mfungwa anaweza kuipitisha kwa mkuu wa gereza. Mahakama ya Rufani inapopokea kesi kutoka Mahakama Kuu inapaswa kuusoma ushahidi wote upya na kufikia uamuzi wake, huku ikikumbuka kwamba haikuwaona mashahidi wakizungumza. Kanuni hiyo ilitamkwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1972 na inafuatwa mpaka leo. Kuhusu kutambua mtu usiku, tangu uamuzi wa mwaka 1980 majaji wa Tanzania wanataka uwezekano wote wa kukosea uwe umeondolewa: mwanga, umbali, muda, kujuana.

Kule taratibu zenyewe zinaweza kuondoa karatasi nzima kwenye ushahidi, jambo ambalo kwetu ni nadra. Maelezo ya onyo, yaani yale mshukiwa anayoyatoa kwa polisi baada ya kuonywa, yanapaswa kuchukuliwa ndani ya saa 4 za msingi tangu kukamatwa, isipokuwa muda umeongezwa kisheria. Kukiri kulikokanwa kunatafutiwa ushahidi wa kukuunga mkono. Ripoti ya daktari juu ya mwili inasomwa, lakini mshitakiwa lazima aambiwe kwamba ana haki ya kudai daktari aje ahojiwe. Asipoambiwa, ripoti hufutwa. Hata hivyo kufutwa kwa ripoti hakumwachilii moja kwa moja, kwani kifo kinaweza kuthibitishwa na waliouona mwili. Muulize wakili wa kule mambo haya matatu, na kama mdogo wako alipewa mkalimani anayekielewa Kiswahili chake. Cha Lubumbashi na cha Mbeya havilingani kila neno.

Na Rufaa nayo ikikataa? (Mama wa Katuba, tena)

Mama, kuna Mahakama ya Kasasyo, Kinshasa, na kwa kesi ya jinai siku ni 40 tangu uamuzi utoke. Haipimi tena nani alisema kweli. Inatazama kama Rufaa ilifuata sheria: kama ilijibu hoja zilizoandikwa, kama sababu zake hazipingani, kama haikuipa karatasi maneno ambayo karatasi haina. Ndiyo sababu hoja za Rufaa lazima ziwe za maandishi: hoja iliyosemwa kwa mdomo na kutoandikwa haiwezi kulalamikiwa Kinshasa kwamba haikujibiwa.

Baada ya hukumu kuwa ya mwisho hubaki njia moja nyembamba, ile ya kupitia upya, inayopelekwa Mahakama hiyohiyo. Inafunguka kwa mambo machache: aliyesemekana ameuawa aonekane hai, watu wawili wawe wamehukumiwa kwa hukumu zisizoweza kuwa kweli pamoja, shahidi wa kesi ahukumiwe baadaye kwa uongo, au litokee jambo au karatasi ambayo haikujulikana wakati wa kesi na inayoonyesha hana hatia. Anaweza kuiomba mhukumiwa mwenyewe, au waziri wa sheria, na kama mhukumiwa amekwisha kufa, mwenzi wake, watoto wake na wazazi wake wana haki ya kuendelea kuidai.